Mjomba Alipokiacha Kiti

Nakumbuka jioni moja ya Ramadhani, mwanangu, nimesimama mlangoni kwa mjomba wangu na sahani ya moto mikononi, naye ananiambia niirudishe nyumbani. Nitakusimulia yote. Lakini kwanza nikueleze kwa nini nimekuita, maana tangu jana sijakaa nikatulia. Nimefagia ua uliokuwa umeshafagiwa. Nimeteremka mpaka Kalundu, bandarini, kununua ndagala, dagaa wetu wa ziwani, nikarudi bila ndagala. Dada yako kaniuliza kama naumwa, nikamwambia ni magoti.

Si magoti, ni neno lako. Jana ulikuja hapa umechangamka, ukakaa, ukasema, "Mama, mambo ya Hamza isikusumbue. Minye iko mu kamati ya rekuru. Tutaipanga." Dada yako akalia kwa furaha. Mimi nikakumiminia chai, na usiku usingizi ukaniruka.

Najua jambo lenyewe. Hamza ni mtoto wa dada yako, mjukuu wangu wa kwanza. Shule ya jumuiya imemfukuza kwa sababu inasemekana alimtukana mwalimu wa dini mbele ya darasa zima. Yeye anasema aliuliza swali tu. Mwaka huu ndio alikuwa afanye egzeta, ule mtihani wa serikali wa kumaliza sekondari, na asiporudishwa upesi mwaka umekwenda na maji. Jumatatu kamati yenu itasikiliza rekuru yake, yaani rufaa, na wewe, mjomba wake, ni mmoja wa watakaokata shauri. Nampenda Hamza kuliko ninavyoweza kusema bila kuonekana mjinga. Lakini kama alitukana au hakutukana, sijui. Sikuwapo. Na wewe pia, Rashidi, hukuwapo.

Basi weka hiyo simu chini unisikilize.

Nilikuwa kijana, mwalimu mpya wa darasa la nne katika shule ya msingi ya jumuiya hiyo hiyo. Shule ilikuwa yetu Waislamu, lakini unaujua mji huu, watoto wa kila nyumba walikuwa mle ndani. Walikuwapo watoto wa Warundi wa bondeni, Wakatoliki, ambao wazazi wao ni wakulima huko Runingu na vijiji vya jirani, waliowaleta kukaa kwa ndugu zao mjini ili wasome. Ramadhani ikifika sharti lilikuwa moja tu. Mtoto asiyefunga ale chakula chake nje, nyuma ya jengo, waliofunga wasimwone. Sharti zuri kabisa, nami sikuwa na ugomvi nalo.

Siku moja ikateremka mvua kutoka milimani, ile mvua yetu inayokokota mawe mpaka barabarani. Nikawaona watoto wa Runingu wamejibana ukutani, wamelowa, mihogo yao ya kuchoma imelowa nayo. Nikawaita ndani. Wakakaa madawati ya nyuma wakala. Mbele yao walikuwa wenzao waliofunga, na baadhi yao ndiyo kwanza wanajaribu kufunga mwaka huo, midomo imewakauka, wanajitahidi kweli. Msichana mmoja kati ya hao waliofunga, binti wa mama muuza vitenge, akainuka akaomba kipande. Akapewa, akala. Mimi nilikuwa naandika ubaoni, sikuona.

Alipofika kwao akasema mwalimu aliwaletea chakula darasani. Mama yake akafunga kilemba vizuri akaja shuleni. Direkteri wetu, mkuu wa shule, Mwalimu Bakari, akakaa na mzee mmoja wa jumuiya aitwaye Kasimu, wakaongea, na kabla ya jua kuzama nikaambiwa nisirudi tena. Nimefukuzwa. Sababu: kudharau dini ya shule. Mimi! Babu zangu walikuja mji huu na biashara ya ziwa, wakaoa hapa, wakazikwa hapa, na msikiti tunaosali wao ndio waliouinua. Nilitoka mle kwa hasira, nikafika nyumbani kamba za viatu hazijafungwa. Kufundisha ndiko nilikokujua peke yake, na sikutaka kujua kitu kingine.

Nikafanya rekuru. Zamani zile kamati ya rufaa ilikuwa ya wazee wawili, na katibu wa kuandika. Mwenyekiti alikuwa Mjomba Sefu, kaka wa mama yangu, tumbo moja. Msaidizi wake alikuwa Mzee Kasimu. Ndiyo, Kasimu yule yule aliyekaa na direkteri siku ya kunifukuza. Leo ukilisikia utashangaa, lakini wakati ule hakuna aliyeshangaa. Wazee walikuwa wachache, na mzee ni mzee, anakaa popote anapoitwa. Mama yangu alicheka kwa mara ya kwanza wiki ile. "Mjomba yako njo mukubwa pale," akasema. "Kasimu atafanya nini?" Upande wao wana mtu wao, sisi tuna wetu, na wetu ndiye mwenye kiti kikubwa. Ndivyo tulivyoipiga hesabu, bila aibu yoyote, na ningekuwa mwongo nikikuambia tulikuwa na wasiwasi.

Sasa, wewe umekulia hapa, unajua Ramadhani sahani zinavyotembea. Kabla ya adhana ya magharibi kila nyumba inatuma kitu nyumba nyingine, na sahani hairudi tupu. Ukipeleka samaki itarudi na ndizi, ukipeleka uji bakuli litarudi na viazi. Mama alimpelekea kaka yake futari tangu nazaliwa. Jioni ile nikasema nitaipeleka mwenyewe. Samaki mukeke wa kukaangwa kwa mawese, viazi vitamu pembeni, nikaifunika kwa kitambaa cheupe.

Mjomba alitoka yeye mwenyewe mlangoni. Alikuwa mtu wa utani, tangu nianze kufundisha alikuwa ananiita Madamu na kunipigia saluti barabarani. Siku ile hakupiga saluti.

"Zaituni, rudisha hii sahani kwenu."

Nikadhani ananitania. "Mjomba, ni futari tu. Kila mwaka tunaletaka."

"Kila mwaka haukuwa na kesi kwangu."

"Minye iko mutoto ya dada yako."

"Ile njo inanisumbua," akasema, akaingia ndani.

Mwanangu, mtu wa kwetu anajua maana ya sahani kurudi imejaa. Ni matusi ambayo mdomo hautamki. Na jirani wote walikuwa nje saa ile, wamekaa kwenye mikeka wakisubiri adhana, hawana kazi nyingine isipokuwa kutazama njia. Nikapita katikati yao na samaki wangu. Mama aliponiona akaipokea sahani akaiweka chini. Tukafungua kwa maji na tende, na yule mukeke hakuna aliyemgusa. Tangu hapo mama akaacha kumsalimia kaka yake. Mimi nilimchukia mjomba. Sitafuti neno laini. Nilimchukia.

Siku ya kusikilizwa tulikutana katika chumba cha madrasa kando ya msikiti. Mimi upande huu, Direkteri Bakari upande ule na kofia yake iliyopigwa pasi. Mjomba na Mzee Kasimu mezani, katibu pembeni. Mjomba akaomba dua, kisha akasimama.

"Mbele ya yote, muskie," akasema. "Huyu binti ni mutoto ya dada yangu. Nilimubeba angali mudogo. Siku dada alinielezea hii mambo, nilisema pale pale direkteri iko mubaya. Na direkteri sikuwa nimemusikia. Njo kusema nilishakata. Muntu mwenye alishakata, hata umwelezee mpaka kesho, hasikie tena. Minye natoka."

Mzee Kasimu yeye akajikohoza, akavuta kiti kuelekea katikati ya meza. "Sawa, Mzee Sefu. Minye sina undugu naye. Nitaendelesha."

"Weye pia utoke, Kasimu. Ulikaa na direkteri siku banamufukuza. Leo utajisikiliza weye mwenyewe?"

Kasimu alikasirika, na hasira yake ilikuwa na haki. Alikuwa mtu mkweli, kila mtu alijua, mtu wa kuokota kitu sokoni na kumtafuta mwenyewe siku nzima. Akasema katika uzee wake wote hakuna aliyewahi kumshuku. Mjomba hakubishana na ukweli wake. Alimwambia tu, kwa sauti ya chini, kwamba binti huyu akishindwa atasema Kasimu alikuwa analinda neno lake la kwanza, na jumuiya haitakuwa na la kumjibu. Kasimu akachukua fimbo yake akatoka bila kuaga. Mjomba akamfuata. Tukabaki mimi na direkteri na katibu na meza tupu, tunatazamana kama watu walioachwa na gari.

Hapo ndipo nilipoonja mateso. Mwenye shida anataka jambo liishe, hata vibaya, alimradi liishe. Wakubwa wa jumuiya walikutana, wakagombana, mwishowe wakakubaliana kuwaomba Waislamu wa Kamanyola, mji wa mbali huko bondeni, watutumie mtu mmoja asiyemjua yeyote kati yetu. Ujumbe ukaenda. Jibu likachelewa. Mimi nikawa mtu wa kutembea. Asubuhi natoka nyumbani kama ninayekwenda kazini, nazunguka bandarini nikitazama wapagazi wakipakua magunia, napanda tena mjini, napita mbele ya shule. Napita makusudi. Mwalimu mwingine alikuwa amewekwa darasani kwangu, nikasikia watoto wangu wakiimba majedwali ya kuzidisha kwa sauti aliyowafundisha yeye, ya haraka, mbaya. Narudi nyumbani, nakaa, nainuka. Mama ananiambia, "Ikala basi, unatutia kizunguzungu."

Siku moja nikamvizia mjomba njiani akienda kusali alasiri. Nikasimama mbele yake, kitu ambacho binti hakipaswi kumfanyia mjomba wake.

"Umeniacha," nikamwambia.

"Nimekuacha, ndiyo." Akasimama, akaegemea ukuta wa watu. "Unataka nini, Zaituni? Unataka kazi, ao unataka bantu bakubali kama ile kazi ni yako?"

"Nataka kazi."

"Basi unaomba kidogo." Akanitazama, na macho yake yalikuwa mekundu, si ya saumu peke yake. "Nikikurudisha minye, utaingia mu darasa. Lakini kila mama mwenye mutoto yake atakosa, atasema, tufanye nini, mwalimu ni wa Mzee Sefu. Kila mwalimu mwenzako atanyamaza ukiingia. Na weye mwenyewe hautajua hata siku moja kama ulikuwa na haki ao ulikuwa na mjomba. Sasa unipishe, nitakosa sala ya jamaa."

Nikampisha. Sikumsamehe siku ile, usifikiri mambo haya yanakwenda kama hadithi za redio. Lakini neno lile la mwisho lilinikaa. Kwa sababu kwa kweli sikujua. Nilikuwa nimejiandaa kushinda, sikuwa nimejiandaa kuulizwa.

Aliyekuja kutoka Kamanyola aliitwa Shehe Yahya, mwembamba, mkavu wa maneno, vumbi la bonde zima limemkaa kwenye kanzu. Direkteri alimwandalia kitanda nyumbani kwake, akakataa. Mjomba hakumwandalia chochote. Akalala msikitini na kufuturu na wasafiri. Kesho yake akakaa peke yake kwenye ile meza, na katibu pembeni, akatuuliza mambo ambayo hakuna aliyekuwa ametuuliza.

Alianza na direkteri. "Ile sharti inasema mutoto akule inje. Mvua ikinyesha, inasema nini?"

Direkteri akafikiri. "Haisemi kitu."

"Na weye, ile saa ya mvua ulikuwa wapi?"

"Mu ofisi."

"Mbele ya kumufukuza huyu madamu, ulimwita umuulize?"

Direkteri akatazama kofia yake aliyokuwa ameivua na kuishika. "Hapana. Tulikuwa tumeshasikia mama ya mutoto."

Nikaanza kutabasamu. Shehe akanigeukia. "Na weye. Ofisi iko mbali na darasa?"

"Hapana, Shehe."

"Ulituma mutoto amwambie direkteri kama umewaingiza?"

"Hapana."

"Wale benye kufunga uliwapeleka upande ingine ili wasione chakula?"

Tabasamu likaniganda usoni. "Hapana, Shehe."

"Yule binti mudogo alikuwa anajaribu kufunga. Alikuwa mu mukono yako. Unajua vile alijisikia alipofika kwao?"

Katika siku zote zile za kutembea sikuwa nimemfikiria yule mtoto hata mara moja. Nilijifikiria mimi, na msikiti wa babu zangu.

Uamuzi wake ulikuwa mfupi. Nilikosea kutomwambia mkuu wangu, na nilikosea kutowachunga waliofunga. Kudharau dini hakukuwapo. Kumfukuza mtu bila kumuuliza lilikuwa kosa la direkteri, na adhabu ilizidi jambo. Nikae nje mpaka sikukuu ipite, halafu nirudi darasa langu lile lile, na sharti liandikwe upya, liseme watoto wakae wapi mvua ikinyesha. Akafunga na dua, akaomba maji ya kutawadha.

Hakuna aliyetoka mle na furaha. Mimi nilitaka niombwe radhi, direkteri alitaka niondoke. Mama muuza vitenge akasema huyo shehe wa Kamanyola hajui kitu. Lakini sikiliza jambo lililotokea baada ya sikukuu, maana ni kwa ajili yake nimekuita. Asubuhi ya kurudi nilifika mapema, nikamkuta Direkteri Bakari amesimama mlangoni pa darasa langu. Amelifungua mwenyewe. Akanipa chaki mkononi, akasema, "Kama alikuwa mjomba yako njo alikurudisha, ningekupokea na mudomo tu. Roho ingebakia na hasira mpaka ningepata namna ya kukutosha mu kazi tena. Lakini yule muzee hajui mimi, hajui weye. Alituchapa wote wawili." Kisha akacheka, nami nikacheka. Tukafanya kazi pamoja mpaka alipostaafu, na hakuna siku niliyoingia katika ofisi yake nikihofia kilicho moyoni mwake.

Mama alichukua muda mrefu kumsamehe kaka yake. Kwenye arusi za ukoo walimkalisha mbali, na wapo waliomwambia usoni kwamba amemuuza mtoto wa dada yake. Alivumilia. Mimi nilirudi kwake mwenyewe, tena kwa aibu, akanipigia saluti.

Sasa twende kwenye lako. Jumatatu, kabla faili la Hamza halijafunguliwa, usimame useme huyu ni mtoto wa dada yangu. Useme kwa sauti, hata kama wote wanajua, maana kujua kwa kunong'ona si kujua. Kisha utoke. Utoke kweli, mwanangu, usikae kwenye benchi la nje ambapo wanakuona kupitia dirishani na kusoma uso wako. Usimpigie mwenyekiti simu jioni kumuuliza yamekwendaje. Usimsogelee msikitini. Na ukitoka, uulize pia kama kuna mtu mezani aliyekuwapo siku prefe, mkuu wa sekondari, anamfukuza Hamza. Kama yupo, na yeye ainuke, awe mwema namna gani. Watakuambia hakuna watu wa kutosha. Waambie Kamanyola kuna watu, na vijiji vyote vya bondeni vina watu.

Na usije ukafikiria lile lingine, kwamba utakaa kisha umpige Hamza adhabu kali ili wakuone ni mtu wa haki. Najua kuna wanaofanya hivyo. Hilo nalo ni kumtumia mtoto, na ni bora mjomba anayependelea kuliko huyo. Siku nyingine utakaa kwenye kesi ya mtoto wa mtu mwingine, mtoto wa bondeni asiye na mjomba kwenye meza yoyote. Umuulize, uulize na upande wa pili, na mpaka uwe umewasikia wote wawili usikate, hata moyoni, hata ukiwa peke yako unaoga. Ukiona umeshakata, inuka.

Dada yako atakuchukia. Sitakuficha hilo. Atakuja hapa alie, atasema ndugu yake amemtupa, na mimi nitakaa naye, wala sitakutetea kwa haraka, kwa sababu atakuwa na uchungu wa kweli. Na huenda Hamza akapoteza mwaka. Nikilifikiria hilo nainuka tena kutafuta ufagio. Lakini mtoto yule kama ana haki, nataka aipate mahali ambapo hakuna anayeweza kumwambia kwamba alipewa. Na kama alimtukana mwalimu, nataka amsikie mtu asiyempenda akimwambia ukweli, maana sisi tunaompenda tumeshindwa hata kumuuliza.

Nenda sasa, kabla sijabadili mawazo, kwa kuwa mimi ni bibi yake na nguvu zangu si nyingi. Mungu akupe miguu ya kuinuka pale kila mtu wa nyumba yako anapotaka ukae. Akulinde na sifa za watu na chuki za ndugu. Na kwa Hamza wetu, namwombea siku ya kusikilizwa amkute mezani mgeni mwenye masikio, asiyemjua yeye ni nani wala mama yake ni nani. Amina.